Simu Iliyofutwa Ikafungika: Njia ya Haki ya Kuifungua

Aghalabu simu inapofutwa yote yaliyomo na kurudishwa katika hali iliyotoka nayo kiwandani, mwenyewe hutaraji kuipokea safi na tiifu. Badala yake hukabiliwa na kioo kinachomtaka athibitishe kwamba yeye ndiye mmiliki, kwa kuandika anwani ya barua pepe na neno la siri vilivyokuwamo kabla ya kufutwa. Wengi huidhania kuwa imeharibika, wakaikimbiza kwa fundi. Simu haikuharibika. Inadai ithibati, na ithibati hiyo haimo ndani ya simu bali imo katika akaunti; kwa hiyo mtu hana budi kuitafuta akaunti kwanza, na simu itafuata.

Kufuli hili Google waliliingiza katika Android 5.1 mwaka 2015, baada ya Apple kuweka la kwao katika iPhone mwaka 2013, na sababu yake ni wezi, ambao walikuwa wakiiba simu, wakaifuta, wakaiuza siku ile ile. Anayefuta simu kwa kupitia mipangilio yake, akiwa ameingiza namba yake ya siri, akaunti huondolewa na kufuli halitokei. Lakini anayeibana kitufe cha kuwashia pamoja na cha kuongezea sauti, akaifuta kwa mlango wa nyuma, simu haina njia ya kumpambanua yeye na mwizi, na hujifunga.

Hayo ndiyo yaliyomfika shangazi yangu, muuza vitenge wa Ngamiani mjini Tanga, aliyesahau mchoro wa kufungulia kioo, na kijana mmoja, kwa nia njema kabisa, akamfutia simu kwa vitufe. Nilipomwuliza, "Shangazi, barua pepe yako ni ipi?" alinijibu, "Mwanangu, mimi barua pepe sijapata kuwa nayo." Alisema kweli kwa kadiri ya ujuzi wake. Akaunti ilifunguliwa na muuzaji siku simu iliponunuliwa, akabuni anwani na neno la siri, wala hakumwandikia mteja popote. Ada hii imeenea mno madukani kwetu, nami naiona ni dhuluma, hata kama haikukusudiwa: mtu analipia mali, ufunguo wake unabaki kichwani mwa mtu baki ambaye kesho ataacha kazi ya duka.

Simu nyingi za siku hizi hukubali namba ya siri au mchoro wa zamani badala ya akaunti, kwa hiyo anayeukumbuka aanze hapo. Shangazi hakuukumbuka. Basi tuliketi nyumbani kwake, kwa intaneti aliyoizoea, maana Google huwa na imani zaidi na ombi linalotoka mahali na kifaa vinavyojulikana, nikafungua ukurasa wao wa kurejesha akaunti na kuchagua sehemu ya aliyesahau anwani yake. Hapo huulizwa namba ya simu iliyosajiliwa katika akaunti, na jina kama lilivyoandikwa. Jina tulilipata katika risiti, likiwa limeendelezwa kwa namna ya muuzaji. Namba ilikuwa ya laini ya zamani iliyokwisha kupotea. Lau namba hiyo ingekuwa imekwisha kupewa mtu mwingine, mlango huo ungefungwa; lakini kwa kuwa ilisajiliwa kwa kitambulisho chake cha taifa na alama za vidole, alikwenda mwenyewe katika duka la kampuni ya simu, akaweka kidole, akapewa laini mpya yenye namba ile ile. Ujumbe wa tarakimu za uthibitisho ulipoingia, anwani ikadhihirika, tukaweka neno jipya la siri.

Hapa subira ni sharti. Google wenyewe huagiza kwamba aliyebadili neno la siri angoje saa 24 kabla ya kulitumia katika simu iliyofutwa. Anayeharakisha hukataliwa hata akiandika sawasawa, akadhani amekosea, akalibadili tena, na kungoja kukaanza upya. Tulipoliingiza baada ya muda huo simu ilifunguka, na majina ya wateja yaliyokuwa yamehifadhiwa katika akaunti yakarejea. Picha zisizohifadhiwa humo zilipotea. Ama fedha za M-Pesa, nilimtuliza tangu mwanzo, kwani hizo zimo katika namba yake wala hazimo katika simu.

Akaunti ikishindikana kabisa, chukua risiti, boksi lenye namba ya IMEI ya tarakimu 15, na kitambulisho, uende katika kituo cha huduma kinachotambuliwa na watengenezaji wa simu hiyo, ambao baadhi yao huliondoa kufuli wakiridhika na ushahidi. Wale wanaojinasibu kulivunja kwa programu za kupakua nakuusia ujiepushe nao: hila nyingi zilizofaa zamani Android 15 imezizuia, na programu hizo huweza kuacha ndani ya simu kitu cha kukupeleleza.

Ukiisha kuifungua, andika anwani na neno la siri katika daftari linalokaa pamoja na hati zako za nyumbani, weka namba ya simu unayoitumia sasa, na unakili zile namba 10 za akiba ambazo Google hutoa kwa aliyewasha uthibitisho wa hatua mbili. Unaponunua simu mpya, fungua akaunti kwa mkono wako, au mwanao akufungulie mbele ya macho yako. Na ukinunua iliyotumika, mtake muuzaji aifute kupitia mipangilio mkiwa pamoja, uianzishe hadi ifike mwisho bila kuulizwa akaunti ya mtu, ndipo umlipe.