SOMO: MEZA MOJA, KITABU KIMOJA

Wengi wetu tunazijua adhabu mbili tu: gereza na faini. Somo la leo lahusu njia nyingine, iliyoelezwa vitabuni na Jean Trounstine wa Marekani, mwalimu wa fasihi aliyefundisha wafungwa wa kike katika gereza la Framingham, jimbo la Massachusetts.

Mwaka 1991, katika jimbo hilo, Profesa Robert Waxler alimwomba rafiki yake, Jaji Robert Kane, awapeleke baadhi ya wakosaji darasani badala ya gerezani. Wanaume wanane wakaanza kusoma riwaya na kuzijadili chuoni. Mwaka 1992 Trounstine akaanzisha darasa la wanawake. Baadaye yeye na Waxler waliisimulia kazi hiyo katika kitabu Finding a Voice (2005).

Mezani waliketi pamoja jaji, afisa wa probesheni, mwalimu na wakosaji. Riwaya mojawapo ilikuwa The Sea-Wolf ya Jack London, yenye nahodha anayewatawala mabaharia kwa mabavu. Uhakiki hauulizi tu nahodha alifanya nini. Huuliza kwa nini, nani aliumia, na kama palikuwa na njia nyingine. Aliyezoea ubabe, akimhukumu nahodha, hujikuta anajihukumu mwenyewe, wala hapana aliyemnyooshea kidole.

Uchunguzi uliochapishwa mwaka 1998 ulionyesha kwamba, kati ya wanaume 32 waliopitia darasa hilo, asilimia 19 walitiwa hatiani tena; kati ya 40 wasiolipitia, asilimia 45. Watu hao ni wachache, lakini tofauti si ndogo.

Huku mpakani mwa Kenya na Uganda, sheria za huduma kwa jamii zipo tangu 1998 na 2000. Mwenye kosa dogo hufanya kazi ya umma mchana, usiku hulala kwake. Hata hivyo, akimaliza adhabu, mara nyingi jirani huendelea kumwita mwizi. Hapo ndipo meza ile inapotufunza: mahakama huweza kumrudisha mtu kijijini, bali kumpokea ni kazi yetu. Kumsikiliza si kufuta kosa; aliyeibiwa naye asikilizwe, tena kwanza.

Maswali ya kujadili barazani:
1. Aliyemaliza adhabu aitwe nani?
2. Ni hadithi gani ya kwetu ingefaa kusomwa pamoja naye?
3. Nani aketi mezani: mzee wa kijiji, polisi, au aliyekosewa?