Heshima ya Nyumba ya Mbashiri

Njia ya zamani ya misafara, itokayo pwani kupitia Tabora hadi Ujiji, ilipitiwa pia na wake wa wahubiri, ingawa wanaotajwa zaidi ni waume zao. Mwaka 1885 Bibi Annie Hore, mkewe Kapteni Edward Hore wa Misheni ya London, alifika Ujiji akibebwa kitini pamoja na mwanawe mdogo.

Mke wa mbashiri wa kijijini siku hizi habebwi kitini, lakini anao mzigo wake. Mlango hubishwa alfajiri na usiku. Chakula cha watu wanne hugawiwa tisa. Akinyamaza, husemwa ana kiburi. Akicheka, husemwa hana haya. Hata deni lake la dukani hujulikana.

Basi mtu aweza kuuliza: Je, mume aliyeyatoa maisha yake wakfu amezitoa pia siri za nyumba yake? La, hasha!

Kurani Tukufu (33:54) yawafundisha waumini wasiingie nyumbani kwa Mtume s.a.w. bila ruhusa, na wakiisha kula waondoke, wala wasikae wakizungumza. Kwani jambo hilo lilimtaabisha, naye aliona haya kuwaambia. Ikiwa nyumba ya Mtukufu Mtume s.a.w. ililindwa hivyo, sembuse ya mtumishi wake? Tena Sura An-Nur (24:28-29) yaamuru kila mgeni aombe ruhusa na kutoa salamu, na akiambiwa arudi, arudi. Mtume s.a.w. alifundisha kuomba ruhusa mara tatu, kisha kuondoka. Hodi yetu yaafikiana kabisa na mafundisho hayo.

Wengine husema, "Mke wa mbashiri imempasa kusubiri." Ni kweli, subira ni ibada, lakini wake za Mtume s.a.w. walipewa hiari (33:29-30), nao wakamchagua Mwenyezi Mungu na Mtume wake. Subira yao ilikuwa sadaka yao wenyewe, si deni la watu kulidai. Naye Mtume s.a.w., kama alivyosimulia Bibi Aisha r.a., alisaidia kazi za nyumbani.

Kwa hiyo, ndugu, piga hodi. Ukila, ondoka. Ukiweza, chukua kibaba cha mtama. Na uliyoyaona ndani usiyatoe nje.

Mwenyezi Mungu atujalie kuzistiri nyumba za wanaotufundisha dini. Amin.