Dada Wawili wa Nyumba Moja

Wazee wetu husema: Ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime, wakipatana, chukua kapu ukavune. Waliona ya kuwa undugu una mzizi mrefu kuliko ugomvi. Na tuutazame mzizi huo katika maisha ya dada wawili wa Marekani, Sadie na Bessie Delany.

Sadie alizaliwa mwaka 1889, na Bessie mwaka 1891. Baba yao alizaliwa utumwani. Baadaye akawa kasisi, na mwaka 1918 akawekwa kuwa askofu msaidizi. Watoto walikuwa kumi, wala fedha haikuwa nyingi. Kwa hiyo dada hawa walifundisha shule kwanza, wakaweka akiba, ndipo wakaenda New York kusoma. Sadie akawa mwalimu, Bessie akawa mganga wa meno, ijapokuwa siku zile watu weusi walibaguliwa sana.

Je, walifanana tabia? Hasha! Sadie alikuwa mpole, mwenye kushinda kwa kunyamaza; Bessie alikuwa mwepesi wa kusema, asiyevumilia dhuluma. Lakini tofauti hiyo haikuwatenganisha. Hawakuolewa, walikaa pamoja Harlem, na tangu mwaka 1957 katika nyumba yao ya Mount Vernon. Mama yao alipozeeka, Bessie aliacha kazi yake ili amtunze. Hata walipopita miaka mia, walikula pamoja na kunyosha viungo pamoja.

Mwaka 1995 Bessie alifariki, umri wake miaka 104. Sadie hakuificha huzuni yake, bali alitoa kitabu juu ya kuishi bila nduguye. Naye akafa mwaka 1999, mwenye miaka 109.

Basi, twajifunza nini? Upendo wa ndugu haukai katika maneno makubwa ya sikukuu. Hukaa mezani, jikoni, na kando ya kitanda cha mgonjwa. Wala hautaki watu wa tabia moja. Wataka watu wasiochoka kurudiana. Lakini wengi wetu twangoja msiba, ndipo twamlilia yule tuliyemnyima salamu. Sadie alimkosa mdogo wake kwa miaka zaidi ya mitatu. Sisi dada zetu wangali hai, na njia ya kwao twaijua. Kama liko neno kati yetu nao, tusingoje kesho. Twende leo, tubishe hodi.