Taabu ya Mtu wa Dirishani

Watu wengi hudhani ya kuwa kazi ya wakala wa fedha za simu ni nyepesi, maana hukaa kitini kivulini. Yafaa tuichungue kazi hii, kwani hapa Igowole wengi wetu hupokea nauli na fedha za matumizi kwa njia hiyo.

Wakala huanza siku na mtaji wa namna mbili: fedha taslimu, na salio lililo ndani ya simu, ambalo wenyewe huliita floti. Mteja akitoa fedha, taslimu hupungua na floti huongezeka. Akiweka, huwa kinyume chake. Basi siku ambayo wengi wanatoa, taslimu humalizika, na wakala hana budi kusema "hakuna," ijapokuwa floti ni tele. Mteja asiyejua jambo hili hudhani amenyimwa.

Tena wakala hulaumiwa kwa mambo asiyo na amri nayo. Mtandao ukikatika, si yeye aliyeukata. Julai 2021 Serikali ilianzisha tozo ya miamala ya simu, na Septemba mwaka huo ikaipunguza kwa asilimia 30. Tozo hiyo haikupangwa dirishani, lakini dirishani ndipo mteja alipokatwa, na ndipo palipokuwa na mtu wa kumnung'unikia.

Mwaka 1983 Bibi Arlie Hochschild, mtaalamu wa elimu ya jamii wa Marekani, alitoa kitabu kilichoeleza habari za wahudumu wa ndege. Alionyesha ya kuwa kuzuia hasira na kutabasamu kwa ajili ya mshahara ni kazi kamili, nayo huchosha. Wengine huvaa uso wa furaha tu; wengine huulazimisha hata moyo.

Mchumaji chai wa Mufindi hupimiwa kilo zake, akalipwa kwa kadiri hiyo. Wakala hulipwa kamisheni kwa muamala. Matusi aliyoyameza hayana mizani.

Basi tufanyeje? Kwanza, tusalimu kabla ya kuagiza. Neno "Kamwene" halina gharama. Pili, tuitaje namba sawasawa, kwani fedha ikienda kwa mwingine wakala hawezi kuirudisha peke yake. Tatu, tuulize sababu kabla ya kulaumu. Baadhi yetu tutakaomaliza kidato cha nne tutakaa dirishani vivyo hivyo, na tutapenda kutendewa kiungwana.