Asiyeumwa Ndiye Aende: Kijitabu cha Kaya Kuhusu Saratani Inayozuilika

1. Kijitabu hiki ni cha nani

Kijitabu hiki kimeandikwa kwa ajili ya kaya za Matiri, za vijiji vingine vya Mbinga na za mwambao wa Ziwa Nyasa kuanzia Liuli hadi Mbamba Bay, nacho kinafaa kusomwa kwa sauti na yeyote ajuaye kusoma ili hata asiyejua apate kusikia. Saratani, ambayo wengi huiita kansa, ni jina la maradhi mengi yanayofanana kwa jambo moja: sehemu fulani ya mwili huota na kukua bila mpango, ikaharibu sehemu zilizo jirani na mwishowe kusambaa. Maelezo zaidi ya hapo yana wataalamu wake. Kaya inahitaji kujua saratani ipi inazuilika, nani wa kuizuia na aanze lini.

2. Uzito wa ugonjwa

Kwa makadirio ya wakala wa utafiti wa saratani wa Shirika la Afya Duniani, mwaka 2022 watu takribani milioni 20 duniani waligundulika kuwa na saratani na watu milioni 9.7 walikufa kwayo, idadi inayozidi mara tatu vifo vya malaria, kifua kikuu na UKIMWI vya mwaka huo vikijumlishwa pamoja. Shirika hilo hilo linaeleza kwamba katika kila wagonjwa 10, kati ya 3 na 5 wasingeugua kama visababishi vinavyojulikana vingeepukwa. Visababishi hivyo havina uzito sawa kila mahali, kwa kuwa katika nchi tajiri tumbaku ndiyo inayotangulia, ilhali katika Afrika kusini mwa Sahara maambukizi yanayozuilika kwa chanjo, kwa vipimo na kwa tiba rahisi yana sehemu kubwa zaidi.

Nchini Tanzania saratani inayoongoza kwa wanawake ni ya mlango wa kizazi, yaani sehemu ya chini ya mfuko wa uzazi inayokutana na uke. Kila mwaka wanawake zaidi ya 10,000 nchini hukadiriwa kuipata na zaidi ya 6,000 hufa kwayo. Duniani kote, mwaka 2022, ilikadiriwa kuua wanawake 350,000, na katika kila 100 waliokufa, takribani 94 walikuwa wa nchi zenye kipato cha chini au cha kati. Wanawake wa nchi tajiri hawakuzaliwa na miili tofauti. Wengi wao walipimwa wakiwa bado wazima.

3. Tabia inayoua: kusubiri

Kisababishi cha saratani ya mlango wa kizazi ni kirusi kiitwacho HPV, ambacho huambukizwa kwa kujamiiana na ambacho karibu kila mtu anayejamiiana hukutana nacho wakati fulani wa maisha yake, kwa hiyo kuwa nacho si ushahidi wa uzinzi wala sababu ya ugomvi katika ndoa. Kwa wanawake wengi kirusi hicho hutoweka chenyewe. Kwa wachache hubaki, na huchukua kwa kawaida miaka 15 hadi 20 kuleta saratani, ingawa kwa mwanamke anayeishi na virusi vya UKIMWI bila matibabu kinaweza kuchukua miaka 5 hadi 10 tu. Katika miaka hiyo yote mwanamke hulima, hubeba kuni, huzaa na kunyonyesha pasipo kusikia maumivu yoyote, na hiyo ndiyo miaka ambayo ugonjwa unaweza kuondolewa katika kituo cha afya kwa siku moja.

Mwanamke asisubiri damu. Mwanamke asisubiri maumivu. Damu na maumivu huja mwishoni, na anayefika kituoni kwa sababu ya damu mara nyingi amekwisha kupoteza miaka kumi aliyokuwa nayo. Mkulima wa kahawa wa Mbinga hapigi dawa ya chulebuni, ugonjwa wa matunda ya kahawa, baada ya matunda kuwa meusi, kwa sababu anajua kwamba mavuno ya mwaka huo yamekwisha kupotea; hunyunyiza mti ukiwa na matunda mabichi yasiyo na doa. Mwili wa mke wake, wa mama yake na wa dada yake unastahili uangalizi wa namna hiyo hiyo.

Asiyeumwa ndiye aende.

4. Nani aende, na lini

Kila mwanamke mwenye umri wa miaka 30 hadi 50 aende kupimwa mlango wa kizazi, awe ameolewa au hakuolewa, awe amezaa au hakuzaa, awe na mume mmoja maisha yake yote au vinginevyo. Akikutwa salama, arudi kila baada ya miaka 3, kwa kuwa kipimo cha mwaka huu hakimkingi na ugonjwa wa miaka ijayo.

Mwanamke anayeishi na virusi vya UKIMWI yumo katika hatari takribani mara 6 zaidi ya mwingine, hivyo asisubiri kufika miaka 30. Aulize kipimo hicho katika kliniki ya tiba na matunzo siku anapochukua dawa zake, na arudi kila anapoelekezwa hata kama ni mapema kuliko wenzake.

Mwanamke aliyekwisha kukoma hedhi asidhani kwamba amevuka hatari, na aliyepita miaka 50 bila kupimwa hata mara moja amuulize mhudumu.

Aliyekwisha kupata chanjo ya HPV naye atapimwa umri ukifika.

5. Kinachofanyika kituoni

Hofu ya wanawake wengi inatokana na kutojua, kwa hiyo ni vyema hatua zikaelezwa. Mwanamke hulala kitandani katika chumba chenye faragha, mhudumu huingiza ukeni kifaa cha kumwezesha kuona mlango wa kizazi, kisha hupaka hapo dawa ya majimaji inayofanana na siki na kusubiri kidogo. Sehemu yenye mabadiliko hugeuka nyeupe, na sehemu isiyo na mabadiliko hubaki na rangi yake. Kazi yote ni ya dakika chache, hakuna kukatwa, na majibu hutolewa hapo hapo. Katika vituo vingine hutumika kipimo kinachotafuta kirusi chenyewe, ambacho huhitaji kuchukua ute kwa kijiti laini.

Zikionekana dalili za awali, yaani mabadiliko ambayo bado si saratani, sehemu hiyo huweza kugandishwa kwa baridi kali au kuchomwa kidogo kwa joto, mara nyingi siku ile ile, na mwanamke akarudi nyumbani kwa miguu yake. Kukutwa na mabadiliko hayo si hukumu ya kifo. Ni ugonjwa uliokamatwa kabla haujawa ugonjwa. Mhudumu ndiye atakayemweleza ajiepushe na kujamiiana kwa muda gani, na agizo hilo lifuatwe na mume pia.

Kipimo hakifanyiki siku za hedhi, na si kila zahanati hukitoa kila siku. Kwa hiyo kaya imuulize mhudumu wa afya ngazi ya jamii, au iulize kliniki ya mama na mtoto, ni siku gani huduma hutolewa na ni kituo gani kilicho karibu. Kwa kuwa msimu wa kuchuma kahawa humaliza nafasi ya kila mtu, siku ya kipimo ipangwe kabla ya msimu kuanza, isije ikaahirishwa hadi mwaka mwingine.

6. Kwa ambaye tayari anaona dalili

Mwanamke anayeona dalili, kipimo cha wazima kimempita. Huyu anahitaji hospitali, na anaihitaji wiki hii. Dalili ambazo haziruhusu kuahirisha ni hizi:

- damu baada ya tendo la ndoa;
- damu katikati ya hedhi moja na nyingine;
- damu yoyote, hata tone, kwa mwanamke aliyekwisha kukoma hedhi;
- majimaji ya ukeni yenye harufu mbaya yasiyokoma;
- maumivu ya kiuno au ya chini ya kitovu yasiyoisha, kuvimba mguu, au shida ya kukojoa.

Asitie ukeni majani, mizizi, ugoro, ndimu wala sabuni ya unga, kwa kuwa vitu hivyo huunguza na kuficha kinachopaswa kuonekana. Asinunue vidonge vya kuzuia damu dukani. Asikubali kuambiwa kwamba amerogwa na kumaliza miezi sita kwa waganga, kwani ipo saratani inayotibika leo ambayo haitatibika baada ya miezi hiyo. Asirudishwe nyumbani na aibu. Akipewa rufaa, iwe ya kwenda hospitali ya Mbinga mjini, Litembo, Liuli, Peramiho au hospitali ya rufaa ya mkoa iliyoko Songea, safari ifanyike upesi, na karatasi ya rufaa isiwekwe sandukuni ikingojea kahawa iuzwe.

Aliyechelewa huhitaji upasuaji mkubwa au tiba ya mionzi, ambayo hutolewa na hospitali chache nchini, zikiwemo Taasisi ya Saratani Ocean Road ya Dar es Salaam na Bugando ya Mwanza. Kutoka Mbinga hadi Dar es Salaam ni zaidi ya kilomita 1,000, na matibabu hayo huchukua wiki kadhaa, hivyo nauli, chakula na malazi ya mgonjwa na msindikizaji wake vinaweza kumeza shamba zima. Safari ya kwenda kituo cha karibu kwa ajili ya kipimo haina gharama inayolingana na hiyo hata kidogo.

7. Chanjo ya msichana

Tanzania ilianza kutoa chanjo ya HPV nchi nzima mwaka 2018 kwa wasichana wa miaka 14, na tangu mwaka 2024 hutolewa dozi moja tu kwa wasichana wa miaka 9 hadi 14. Hutolewa bure. Hutolewa mapema kwa sababu inafaa zaidi kabla msichana hajakutana na kirusi, wala haimfundishi mtoto tabia yoyote. Haifungi kizazi. Mzazi ambaye binti yake hakuwapo shuleni siku ya chanjo, au ambaye binti yake hasomi, ampeleke kituoni mwenyewe.

8. Mume na baba wa kaya

Mume anayemwambia mkewe asubiri hadi aumwe, amemwambia asubiri hadi apone kwa shida au asipone.

9. Tumbaku

Tumbaku nayo huleta saratani, kwa hiyo sigara, kiko, ugoro na tumbaku ya kutafuna viachwe, vyote, na sigara na kiko visivutwe ndani ya nyumba yenye watoto.

10. Pombe

Pombe ni kisababishi cha saratani ya kinywa, koo, umio (yaani njia ya chakula), ini, utumbo mpana na titi, na ulanzi, komoni, gongo na bia ya chupa vyote vimo katika onyo hili, kwa sababu kinachodhuru ni kileo chenyewe. Mwaka 2020 wagonjwa wapya takribani 740,000 duniani walikadiriwa kupata saratani kwa sababu ya pombe. Anayekunywa na kuvuta kwa pamoja huongeza hatari maradufu na zaidi. Chai na uji navyo viachwe vipoe kidogo, kwa kuwa vinywaji vya moto mno vinashukiwa kuleta saratani ya umio.

11. Ghala la mahindi na karanga

Ukungu unaoota kwenye mahindi na karanga zilizohifadhiwa zikiwa na unyevu huzaa sumu iitwayo sumukuvu, ambayo huharibu ini na haiondoki kwa kupikwa. Mahindi yaanikwe juu ya turubai, yasianikwe juu ya udongo mtupu. Yakauke kabisa kabla ya kuingia ghalani. Magunia yawekwe juu ya mbao. Punje zilizoota ukungu, zilizobadilika rangi au kunyauka zitupwe, zisipelekwe mashineni kusagwa, zisipikiwe pombe na kuku wasipewe. Hatari ya sumukuvu huwa kubwa zaidi kwa mwenye homa ya ini aina ya B, ambayo kinga yake imo katika chanjo za kawaida za mtoto mchanga. Kadi ya kliniki iangaliwe na ikamilishwe.

12. Ziwa na kichocho

Kichocho cha mkojo kisipotibiwa kwa miaka mingi kinaweza kuleta saratani ya kibofu. Katika mwambao wa Nyasa, mtoto au mtu mzima anayekojoa damu asiambiwe kwamba amekua. Apelekwe kupimwa, kwani dawa ipo. Watu wasikojoe wala kujisaidia ziwani au mitoni, na dawa za kichocho zinazogawiwa shuleni zisikataliwe.

13. Jua

Ili kujikinga na saratani ya ngozi, mtu mwenye ualbino avae kofia pana na mikono mirefu kila siku, shambani na ziwani, na kidonda chake kisichopona ndani ya mwezi mmoja kionwe na daktari.

14. Titi

Uvimbe wa titi usiouma ndio wa kuhofiwa zaidi, kwa sababu hauna haraka ya kumpeleka mtu hospitali. Ukionekana, au chuchu ikiingia ndani au kutoa damu, au ngozi ya titi ikivutika, mwanamke aende hospitali mara moja. Hapa tena, asisubiri maumivu.

15. La kufanya baada ya kusoma

Kaya ihesabu wanawake wake wenye miaka 30 hadi 50, pamoja na wenye umri mdogo zaidi wanaoishi na virusi vya UKIMWI, na kila mmoja apangiwe siku yake ya kupimwa kwa jina. Wahesabiwe pia wasichana wa miaka 9 hadi 14 ambao hawajachanjwa. Siku hizo ziandikwe kwenye kalenda ya ukutani au nyuma ya kadi ya kliniki, nauli itengwe mapema, na mume ajue ni nani atakayebaki na watoto. Anayesema kwamba hana ugonjwa wowote ajibiwe kwamba kipimo kimewekwa kwa ajili yake. Kijitabu kikimalizika kusomwa kipelekwe nyumba ya jirani, na atakayekipeleka awe mwanamke aliyekwisha kupimwa, ili aulizwe maswali na aweze kuyajibu.

Mwanamke asisubiri damu. Asiyeumwa ndiye aende.