Mwembe si jiwe la mpaka

Leo tujifunze kutokana na kosa langu mwenyewe, maana wengi wetu tunaoishi mijini tunanunua mashamba na viwanja kwa namna ileile niliyonunua mimi.

Mwaka 2007 nilinunua shamba Nemba, Biharamulo. Tuliandikiana mbele ya mashahidi wanne, na mwenyekiti wa kitongoji akagonga muhuri. Mipaka iliandikwa hivi: mashariki mwembe, magharibi njia ya ng'ombe, kaskazini kichuguu, kusini shamba la jirani. Nikakunja karatasi yangu, nikarudi mjini na moyo mtulivu.

Baada ya miaka minne muuzaji alifariki, na mwanawe akalima mpaka ndani ya shamba langu. Nilipofika, mwembe ulikwishakatwa na ng'ombe walikuwa na njia nyingine. Tukaenda Baraza la Ardhi la Kijiji, ambalo kazi yake ni kusuluhisha. Shahidi mmoja akaonyesha kichuguu hiki, mwingine kile. Wala sidhani kama kuna aliyesema uongo. Karatasi yangu ilithibitisha kwamba nilinunua. Haikuthibitisha nilinunua wapi.

Hapo ndipo nilipoomba shamba lipimwe. Majirani wote na viongozi wa kijiji waliitwa, tukafyeka mstari wa mpaka. Upande wa mashariki kisiki cha mwembe kilionekana, na yule kijana akakubali kurudi nyuma. Lakini upande wa kusini, katikati ya migomba yangu, tulikuta miramula, mimea ambayo wazee wa Kagera huipanda kuwa alama ya mpaka. Ilipandwa na marehemu mume wa jirani yangu. Mistari miwili ya migomba yangu ilikuwa katika ardhi ya mjane yule.

Ndugu zangu, nilikwenda kudai haki yangu, nikakuta nami nina deni. Ndizi zile tulizila nyumbani kwangu miaka yote ile. Nilimwomba radhi mama yule, nikamlipa, na migomba nikamwachia. Mtume (s.a.w.) ameonya kuwa anayedhulumu ardhi, hata kiasi cha shubiri, atafungwa shingoni ardhi saba Siku ya Kiyama. Na katika hadithi aliyoipokea Ali (r.a.), amelaaniwa mwenye kubadili alama za mipaka. Kabla ya siku ile nilidhani maonyo hayo yanawahusu wengine.

Sasa tufanye nini? Kwanza, kabla ya kulipa, uzunguke mipaka yote kwa miguu pamoja na muuzaji, mkewe, watoto wake wakubwa na kila jirani.

Pili, ujue ni ardhi ya aina gani. Ardhi ya kijiji iko chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji Namba 5 ya mwaka 1999, na halmashauri ya kijiji haigawi ardhi bila ridhaa ya mkutano mkuu wa kijiji. Muhuri wa kitongoji peke yake hautoshi. Fuatilia mpaka upate hati ya hakimiliki ya kimila.

Tatu, kwa kiwanja cha mjini, usidanganyike na mawe yaliyosimikwa tu. Upimaji hufanywa na mpima wa serikali au mwenye leseni, na ramani yake haikamiliki mpaka iidhinishwe rasmi. Mwulize muuzaji namba ya ramani hiyo, kisha uihakiki ofisi ya ardhi. Na jiwe likishawekwa kihalali, kuling'oa au kulisogeza ni kosa la jinai.

Watu husema kupima ni gharama. Ni kweli. Lakini mimi nililipa nauli za kwenda na kurudi Nemba, nikagombana na mtoto wa rafiki yangu, na nikala mali ya mjane bila kujua. Pima ardhi yako ili usidhulumiwe, na zaidi ya hapo, ili usidhulumu.