Kikundi kimepoa, nifanyeje?

SWALI: Naongoza kikundi cha vijana hapa Galula, Songwe. Tunalima ufuta kwa mkopo wa halmashauri. Mwanzoni tulijaa shambani. Sasa tunabaki watatu. Nimesikia watengeneza programu wana mbinu iitwayo ajaili. Itatufaa?
Mwenyekiti, Galula

JIBU: Itawafaa, ila si yote. Mwaka 2001, wataalamu 17 wa programu walikutana Utah, Marekani, wakaafikiana misingi ya ajaili: fanya kazi kwa vipindi vifupi, onyesha matokeo, jirekebishe. Ufuta hauharakishwi, lakini kazi zake zinapangika kwa wiki mbili mbili.

Tafuteni ubao, mchore safu tatu: Bado, Inaendelea, Tayari. Kila kazi iwe na mwenyewe, aliyeichagua badala ya kupangiwa. Kubalianeni pia mwisho wa kazi ni upi: palizi haihamii Tayari mpaka magugu yametoka na miche imepunguzwa eneo lote.

Kutaneni asubuhi mkiwa mmesimama, dakika 15 tu. Kila mmoja aseme alichofanya, anachofanya leo na kinachomkwamisha. Mkutano huo usigeuke kikao cha kusutana. Kila baada ya wiki mbili, kagueni shamba pamoja, mchague jambo moja la kurekebisha.

Waliopotea wafuate mmoja mmoja, uwasikilize. Mara nyingi tatizo ni fedha. Mkopo huo hauna riba, lakini ni deni la wote. Matumizi na marejesho yasomwe mbele ya kila mwanachama. Mtu asiyejua atapata nini mavunoni, hata ubao mzuri hautamrudisha shambani.